Majina ya Jimbo la Soksi

Leokadia alikuwa jikoni kwa binti yake, Takoma Park, akichambua maharage, simu ilipolia. Namba hakuijua. Kwa kawaida namba asiyoijua aliiacha ilie mpaka ichoke yenyewe, kwa sababu Marekani matapeli wa simu hawana likizo. Siku hiyo mkono ulitangulia akili.

"Shikamoo, mama. Naongea na Mama Leokadia?"

Tapeli gani anajua shikamoo? Akaketi. "Marahaba, mwanangu. Nani mwenzangu?"

"Naitwa Irene. Niko maktaba, huku Bladensburg. Wazazi wangu ni wa Moshi, ila mimi nimezaliwa hapa hapa, kwa hiyo Kiswahili changu utanisamehe. Nataka kukuuliza kuhusu jimbo lenu la zamani. Lile la uchaguzi, walilo-erase."

Leokadia aliusogeza ungo pembeni. Miaka minne ilikuwa imepita tangu jimbo lile lifutwe kwenye ramani, na katika miaka yote minne hakuna mtu aliyewahi kumuuliza habari zake. Elieth, binti yake, alikuwa amechoka kuzisikia tangu mwaka wa kwanza.

Irene akaeleza. Maktaba ilikuwa inaandaa maonyesho ya historia ya eneo lile, na yeye amepewa sehemu ya mambo ya uchaguzi. Alichokipata kuhusu jimbo lile kilikuwa ukurasa mmoja na nusu: liliundwa lini, lilifutwa lini, wabunge watatu waliolishika, na kura za kila mmoja. "Mama, ni kama kusoma cheti cha kifo cha mtu ambaye hukuwahi kumwona," alisema. Kisha, kwenye faili jingine kabisa, akakuta barua ya mwaka 2008 ya kuomba kituo cha kupigia kura. Sahihi ya kwanza ilikuwa ya Leokadia.

"Barua ilisema kuna kurasa za majina nyuma yake, lakini hizo kurasa hazipo. Jina la pili ni la Tobias Ochieng. Huyo bado yupo?"

"Yupo. Anakaa Beltsville."

"Una namba yake?"

"Ninayo," Leokadia alisema. Akatazama dirishani, ambako jirani alikuwa anakusanya majani makavu. "Ila hatuongei."

Jimbo lenyewe lilikuwa dogo. Kwenye makaratasi ya serikali lilikuwa na namba na herufi tu, kama chumba cha hoteli, lakini ukilitazama kwenye ramani ulikuwa huoni ila soksi: kidole kimechovywa kwenye mto Anacostia pale Bladensburg, kisigino kimekanyaga barabara kuu, na shingo ndefu ikipanda kaskazini kuelekea mashamba ya utafiti wa kilimo ya Beltsville. Nani alianza kuliita Soksi, hakuna ajuaye. Watanzania walisema jimbo, Wakenya wakasema eneo bunge, na Ferdinand, Mkongo wa ghorofa ya pili, aliliita circonscription kwa sauti ya mtu anayemtambulisha balozi. Wote walipofika kwenye jina la Soksi walicheka.

Liliundwa baada ya sensa ya mwaka 2000. Leokadia na mumewe Zefania walikuwa wamefika miaka miwili kabla, kwa bahati nasibu ya green card, na Elieth akiwa na miaka sita. Kwao Leokadia ni Bukoba, alikokuwa mwalimu wa shule ya msingi; Zefania alikuwa Mpare wa Same, fundi magari. Wakapanga vyumba viwili kwenye majengo ya matofali mekundu nyuma ya barabara kuu. Mwalimu akaanza kazi ya kuogesha na kulisha wazee majumbani mwao. Fundi akapata kibarua cha kusafisha mabanda ya kuku kwenye kile kituo cha utafiti, na akaipenda kazi ile kuliko mtu yeyote alivyotarajia. "Kuku wa hapa wana madaktari wao," alikuwa akisema mezani, "na wakifa wanaandikiwa sababu."

Waliapa uraia pamoja, Julai ya mwaka 2006. Zefania alivaa suti ya harusi yao, ambayo tayari ilikuwa imeanza kumpwaya. Figo zilikuwa zimeshachoka. Mara tatu kwa wiki alikwenda kusafishwa damu. Lakini ilipofika Novemba, Jumanne ya uchaguzi, alisema atapiga kura, na atakwenda kwa miguu yake.

Kituo kilikuwa kwenye shule, ng'ambo ya barabara kuu. Basi halikupita upande ule. Mtu mzima mwenye afya alitembea dakika arobaini. Zefania alitembea saa moja na nusu, mvua ya rasharasha ikimnyea. Leokadia alipotaka kuita teksi alimkatalia. "Nimengoja miaka minane kuulizwa maoni yangu. Niache nijibu nikiwa nimesimama."

Hakuweza kusimama. Foleni ilikuwa imetoka mlangoni na kuzunguka uwanja wa watoto, na kabla hawajafika katikati yake magoti yakaanza kumtetemeka. Leokadia akamshika kiuno. Hapo ndipo mtu mmoja aliyekuwa mbele yao, amevaa sare ya ulinzi, ameshatoka kazini, alipoacha nafasi yake, akaingia ndani, akarudi na kiti. Kilikuwa kiti cha darasa la kwanza, cha plastiki ya buluu, kimo chake hakifiki magotini.

"Kaa, mzee."

Zefania, mtu wa futi sita, akakaa. Kila foleni iliposonga hatua mbili, yeye alinyanyuka, yule mlinzi akakibeba kiti, akakiweka mbele. "Songa, mzee, kiti kinakuja." Hivyo hivyo, hatua mbili mbili, mpaka ndani. Waliokuwa nyuma yao walianza kwa kutazama saa; baadaye wakawa wanamshangilia kila aliponyanyuka. Zefania alipotoka kwenye kibanda cha kura alikuwa na kibandiko kwenye koti, kile cha kuonyesha kwamba mtu amepiga kura, na alikuwa anatabasamu kama bwana harusi. Kibandiko hakukibandua. Kilikaa kwenye koti lile mpaka Februari, alipofariki.

Yule mlinzi alikuwa Tobias Ochieng, Mjaluo wa Siaya.

Leokadia alipomaliza kulia, na kulia kwake kulichukua miezi, alimtafuta. Alimkuta kwenye duka moja la vyakula vya Kiafrika, ameshika mfuko wa unga wa ugali.

"Wewe ndiye uliyebeba kiti."

"Ni mimi, mama. Pole sana. Nilisikia."

"Nataka kituo kije upande wetu wa barabara."

Tobias alikuna kichwa. "Hiyo sasa ni siasa, Mama Elieth."

"Siyo siasa. Ni miguu."

Basi wakaanza. Majira yote ya baridi ya mwaka ule, kila Jumamosi na Jumapili baada ya ibada, walipanda na kushuka ngazi za majengo yale na ubao wenye karatasi. Leokadia aliweza kusema, hata baada ya miaka mingi, ngazi ipi ilinuka dagaa, ipi ilinuka sombe, kisamvu cha Wakongo, na ipi ilinuka mahindi yanayookwa na akina mama wa El Salvador. Ferdinand aliwafuata kutafsiri Kifaransa. Mwanzoni milango mingi haikufunguliwa, mpaka mama mmoja akawaambia kupitia tundu la mlango, kwa Kiingereza cha shida, kwamba huyo bwana avue hilo koti. Sare ya ulinzi ilikuwa inawatisha watu. Walidhani ni maofisa wa uhamiaji. Tangu siku hiyo Tobias alitembea kwenye theluji na sweta, akitetemeka, na milango ikafunguka.

Sahihi mia nne na kumi na mbili. Walizipeleka wenyewe ofisi ya uchaguzi, na miezi mitatu baadaye jibu likaja: kituo kipya kitawekwa kwenye ukumbi ulio chini ya kanisa dogo la mchungaji Elkanah, hatua chache kutoka majengo yale.

Novemba ya mwaka 2008 foleni ililizunguka kanisa mara mbili. Shiku, msusi wa Kikuyu aliyekaa jengo la mwisho, alisimama ng'ambo ya mtaa na sufuria la chai ya tangawizi, akimpa kila anayetoka. Leokadia alikuwa ndani, msimamizi wa kituo, na beji kifuani. Alikuja bibi mmoja Mmarekani mweusi, ameegemea wajukuu wawili, akamwambia kwamba ameishi mtaa ule tangu akiwa msichana na hajawahi kupiga kura mahali anapoweza kurudi nyumbani kabla chai haijapoa. Wote wawili wakacheka, kisha wote wawili wakatafuta leso.

Na mwaka 2014 akaja Ezekiel. Huyu alikuwa dereva mstaafu wa basi la shule, mzaliwa wa Bladensburg, aliyewabeba watoto wa majengo yale kwa miaka ishirini na mitatu, Elieth akiwemo. Aligombea ubunge wa Soksi kwenye kura za mchujo dhidi ya wakili mwenye mabango kila kona. Ezekiel hakuwa na mabango. Alikuwa anagonga mlango, anauliza, "Yule mtoto wako wa siti ya nyuma anaendeleaje?" Alishinda kwa kura thelathini na moja. Jioni ya kesho yake alikuja chini ya kanisa, akasimama kwenye ngazi, akasema: "Watu thelathini na mmoja. Ningependa kumpa mkono kila mmoja wao. Lakini kwa kuwa siwajui ni akina nani, itabidi niwape mkono wote." Akawapa wote. Pilau ya kumpongeza ilipoa, na hakuna aliyelalamika.

Hayo ndiyo Leokadia aliyokuwa nayo. Na ndiyo sababu mwaka 2021 alisimama kuyatetea.

Sensa ilikuwa imefanyika tena, na ramani mpya zikachorwa. Kwenye ramani iliyopendekezwa Soksi halikuwepo; lilikuwa limekatwa vipande vitatu na kila kipande kushonewa jirani. Mkutano wa wananchi ukaitishwa kwenye ukumbi wa shule moja. Leokadia aliandika maneno yake kwa Kiingereza, Elieth akamsahihishia, akayasoma. Alisema kuhusu kituo, kuhusu ngazi, kuhusu mtu aliyepiga kura mara moja tu katika nchi hii. Watu walimpigia makofi ya heshima.

Kisha Tobias akaenda mbele. Miaka mitatu kabla alikuwa amehamia Beltsville, upande wa pili wa mstari, lakini Leokadia alidhani amekuja kumuunga mkono. Alikuwa amemwekea kiti kando yake. Tobias akasema ramani mpya ina haki zaidi. Watu wetu, alisema, kodi za nyumba zimewasukuma kaskazini. Ramani ya sasa inawagawa, ramani mpya itawaweka pamoja. Akatoa hesabu. Mwisho, pengine kwa kutaka kupoza mambo, akaongeza: "Tuseme ukweli. Soksi siku hizi limebaki tundu tu."

Ukumbi ukacheka.

Leokadia hakuyakumbuka tena makofi yake. Alichokumbuka kilikuwa kile kicheko. Alibeba koti lake akatoka, na simu za Tobias zilizofuata, wiki ile na wiki iliyofuata, aliziacha zilie.

Sasa Irene alikuwa anataka kurasa za majina, na nakala zake mwenye nazo alikuwa mmoja tu duniani. Leokadia alikaa na jambo hilo siku tano. Siku ya sita alimwambia Elieth ampeleke Beltsville.

Elieth akajibu kwa Kiingereza, kama kawaida yake, kwamba ni jambo ambalo lilitakiwa kufanyika miaka minne iliyopita. Kisha, kwa Kiswahili chake cha kuokoteza, akaongeza: "Mama, wewe una kichwa ngumu." Akachukua funguo.

Nyumba ya Tobias ilikuwa ndogo, ya ghorofa moja, na mlango ulifunguliwa na mkewe. Jeptoo alikuwa Mkalenjin wa Kapsabet, mwanamke mwembamba, mtulivu, ambaye enzi za majengo ya matofali alikuwa haonekani sana. Alikuwa akipika kwenye sherehe za kanisa na kuondoka kabla ya picha. Alipomwona mgeni wake alishika mdomo.

"Mama Elieth! Kweli ni wewe? Ingia, ingia ndani. Mzee ako nyuma kwa shamba."

"Shamba" lilikuwa matuta manne ya sukuma wiki na managu, yaani mnavu, yaliyobaki kabla ya baridi kali. Leokadia akamwona kupitia dirisha la jikoni. Alikuwa amezeeka. Alikuwa anainama kwa kushikilia fimbo, anachuma jani moja, ananyanyuka, anapumzika. Hasira aliyokuwa ameibeba njia nzima akaitafuta, akaona imepungua uzito.

"Kabla hujatoka nje," Jeptoo alisema, "kaa kidogo. Kuna kitu yeye hawezi kukuambia, kwa sababu nilimkataza."

Akaondoka, akarudi na boksi la viatu. Ndani mlikuwa na zile kurasa, nakala zilizofifia, pembe zimejikunja. Leokadia akaweka miwani. Kwenye kila ukurasa kulikuwa na majina yaliyopigwa mstari mwekundu.

"Hii ni nini? Sisi hatukuchora mistari."

"Ni ofisi ya uchaguzi. Walihesabu tu wale waliojiandikisha kupiga kura. Kati ya mia nne na kumi na mbili walibaki mia mbili na arobaini na wanne. Wengine wote wakafutwa. Walituma kurasa hizi kwa Tobias, na barua. Hakukuonyesha. Alisema utahuzunika, na hata hivyo kituo kilikuwa kimepatikana."

Kidole cha Jeptoo kikashuka kwenye ukurasa wa saba, kikasimama. Jeptoo Ochieng. Mstari mwekundu umepita katikati ya jina kama uzio.

"Miaka ile mimi sikuwa na makaratasi, Mama Elieth. Kesi yangu ilikwama miaka na miaka. Tobias alikuwa raia. Mimi nilikuwa naogopa hata mwenye kubandika matangazo. Hakuna aliyejua, hata pastor. Mlipokuja na ubao wenu mlangoni kwangu, wewe ulinipa kalamu ukasema, 'Mama, weka jina tu, si kosa kuomba.' Usiku ule sikulala. Lakini niliweka."

Leokadia alijaribu kuikumbuka kalamu ile, na hakuweza. Kulikuwa na milango mingi mno. Hilo lilimuumiza.

"Nimekuwa raia mwaka 2021," Jeptoo akaendelea, "mwezi wa tano. Na ramani mpya ilipokuja, Tobias aliona nyumba hii iko ndani yake, na watu wetu wote wa hapa wamo. Akasema, Jeptoo atapiga kura yake ya kwanza mahali ambapo kura yake itahesabika. Ndiyo maana alisimama. Ile ya tundu..." Akatikisa kichwa. "Ile ilikuwa mdomo tu. Mimi mwenyewe nilimgombeza kwa gari mpaka tukafika."

Mlango wa nyuma ukafunguka. Tobias aliingia na mboga mkononi, akasimama pale pale, akamtazama Leokadia, akalitazama boksi, akamtazama mkewe.

"Umemwambia."

"Nimemwambia."

Akaziweka mboga juu ya meza taratibu. "Mama Elieth, habari ya siku nyingi."

"Nzuri. Miguu inakusumbua?"

"Goti hili moja. Hilo lingine linajifanya zima." Akakaa mbele yake. Birika likaanza kunguruma kwenye jiko. Kisha Tobias akasema, "Kuhusu mstari, mimi sikukosea. Nitakuambia hivyo hata leo. Watu walikuwa wamehama."

"Najua walikuwa wamehama. Hata mimi nilihamia kwa Elieth."

"Lakini kuchekesha nilikosea. Nilipoona umebeba koti nilijua. Nikaona ile foleni yote, na mzee kwa kile kiti kidogo. Haki, ningeweza kulirudisha lile neno ningelirudisha siku hiyo hiyo."

Leokadia alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Alikuwa amekuja na hotuba nzima. Alikuwa ameitunga na kuitungua miaka minne, akiwa anachambua maharage, akiwa kwenye treni, akiwa kanisani padri anahubiri. Sasa ikamtoka yote kichwani.

"Ulipiga simu mara ngapi?" akauliza.

"Kumi na nne."

"Mimi nilihesabu kumi na tatu."

"Moja niliikata kabla haijalia."

Jeptoo akaanza kucheka, na wao wakamfuata. Wakanywa chai. Wakapitia kurasa moja baada ya nyingine, vichwa vikikaribiana juu ya meza, wakiulizana. Huyu alikwenda Texas. Huyu alifariki wakati wa korona. Huyu siyo yule aliyekuwa na kasuku? Huyu mwanawe sasa ni daktari. Ferdinand alikuwa ameandika jina lake kwa mbwembwe likala mistari mitatu. Elieth, aliyekuwa amekaa pembeni na simu yake, aliisogeza simu kando bila mtu kumwambia, akavuta kiti, akauliza kwa Kiingereza kasuku alikuwa anaongea lugha gani.

"Kihispania," Tobias alisema. "Na matusi ya Kilingala. Ferdinand ndiye aliyemharibu."

Irene alipoziona kurasa hakuamini macho yake. Lakini hapo ndipo Leokadia alipopata vita yake ya mwisho juu ya Soksi, na ilikuwa vita ndogo. Irene alitaka kuandika kwamba kituo kilipatikana kwa ombi la wapiga kura mia mbili na arobaini na wanne, kwa sababu ndiyo idadi iliyokubaliwa rasmi.

"Andika zote mbili," Leokadia alisema. "Hao mia mbili na arobaini na wanne ndio waliohesabiwa. Walioomba ni mia nne na kumi na mbili."

"Lakini mama, hao wengine hawakuwa voters. Historia ya jimbo ni ya wapiga kura wake."

"Mwanangu, waliishi wapi?"

"Humo humo."

"Walifungua milango ya wapi?"

Irene akafikiri, akatabasamu. "Okay, mama. Zote mbili." Lakini akasema haonyeshi jina la mtu hata mmoja kabla ya kumpata mwenyewe au ndugu zake na kuomba ruhusa. Kazi hiyo iliwachukua Leokadia na Tobias miezi miwili, kila mmoja na simu yake na nusu ya majina. Hawakuwapata wote. Wengine hawakupenda, na majina yao yakafunikwa kwa karatasi nyeupe.

Maonyesho yalifunguliwa Jumamosi mchana, mwezi wa Machi. Leokadia alikuwa ametarajia watu ishirini; viti vikaisha, wengine wakasimama kando ya rafu. Mchungaji Elkanah, ambaye kanisani kwake sasa wanasali watu wengine kwa Kihispania, alikuja na mjukuu wa kumwendesha. Shiku alikuja na chupa nne za chai, akaambiwa vinywaji haviruhusiwi karibu na vitabu, akafungua duka lake nje mlangoni kama zamani. Ezekiel alikuja amevaa tai. Miaka themanini na nne, na bado alikuwa anawauliza watu wazima wenye mvi walikuwa wanakaa siti gani.

Leokadia alisimulia kwa Kiswahili, Irene akatafsiri. Alisimulia foleni, mvua, na ngazi. Alipofika kwenye kura thelathini na moja, Tobias akasema kwa nguvu kutoka safu ya mbele kwamba baada ya kuhesabu upya zilikuwa ishirini na tisa, na Ezekiel akanyanyuka kusema yeye ndiye aliyezishinda na zilikuwa thelathini na moja, na ikabidi Irene aende kwenye ule ukurasa wake mmoja na nusu kutafuta. Thelathini na moja. Ukumbi ukacheka, na safari hii Leokadia alicheka kuliko wote.

Kuhusu mwisho wa jimbo hakuwa na maneno mengi. Alisema lilifutwa kwa sheria, na wengine waliona ni sawa na wengine hawakuona, yeye akiwa miongoni mwa wasioona, na kwamba kituo kipya kina lifti na basi linasimama mlangoni, jambo ambalo mume wake angelifurahia sana. Akakaa.

Watu walipoanza kutawanyika kuelekea chai, alimwona Jeptoo amesimama peke yake mbele ya ukurasa wa saba. Alikuwa amevaa gauni la kitenge la kijani na hereni, kama mtu anayekwenda kupokea cheti. Alikuwa ameligusa jina lake kwa ncha ya kidole, juu ya kioo.

"Nataka picha niwatumie dada zangu Kapsabet," alisema. "Kaa hapa karibu, Mama Elieth. Wewe ndiye uliyenipa kalamu."

Leokadia akasimama kando yake, akaweka mkono begani mwake. Tobias akaegemeza fimbo kwenye rafu ya vitabu, akainua simu kwa mikono miwili, akawaambia watazame mbele. Alipiga picha tatu, na katika zote tatu kidole chake kimeziba kona.

"Piga tena," Jeptoo akasema, "na utoe hicho kidole."